In- Mbili Katika Mlima Mmoja

Karibu kila daftari la Kiingereza la kidato cha kwanza lina ukurasa wenye safu mbili. Kushoto kuna viambishi awali, kulia maana zake: "in-" ni kukanusha, "pre-" ni kabla, "re-" ni tena, "sub-" ni chini, "trans-" ni kuvuka. Mwanafunzi huikariri orodha hiyo, hujibu nayo swali la mtihani, na alama anapata. Baada ya hapo hufungua kitabu cha kilimo au cha jiografia, akakutana na "irrigation" na "precipitation", na orodha ikamwangusha. "Irrigation" haikanushi kitu chochote. Ndani ya "precipitation" hakuna "kabla" yoyote anayoweza kuiona. Anachojifunza hapo ni kwamba Kiingereza hakina mantiki, na kwamba dawa yake ni kukariri zaidi.

Napinga somo hilo kwa nguvu. Viambishi hivi vina mantiki, na ni mantiki ambayo mzungumzaji wa lugha ya Kibantu anaiishi tangu utotoni bila mtu kumwambia. Vilitoka Kilatini. Vingi viliingia Kiingereza kupitia Kifaransa, baada ya Wanormani kuitwaa Uingereza mwaka 1066. Vingine vililetwa na wasomi waliokuwa wakiandika kwa Kilatini na kuchota humo maneno ya sayansi, sheria na dini. Vilikuja na tabia zao zote. Tabia hizo nitazionyesha kwa mifano ya Milima ya Uluguru na mji wa Morogoro ulio chini yake, kwa sababu mwanafunzi wa huko hana haja ya kwenda Roma kuitafuta mifano.

Tuanze na jina lenyewe. Mtu ni Mluguru, watu ni Waluguru, lugha yao Kiluguru, nchi yao Uluguru. Mtoto wa Matombo au wa Kinole, huko milimani, hafundishwi kwamba kilichobadilika ni silabi ya mbele, na kwamba kilichobaki nyuma ndicho kinachobeba habari ya milima. Ndani ya "-luguru" kuna kiambishi kingine kilichojificha, "lu-", ambacho lugha nyingi za Kibantu bado zinakitumia na ambacho katika Kiswahili sanifu kimebaki "u-" tu, kama kwenye ulimi na ubavu. Kwa hiyo jina la milima hii lina viambishi viwili mfululizo: cha nje kinafanya kazi hadi leo, cha ndani kimeganda, na wengi wetu tunadhani ni sehemu ya mzizi.

Kuganda huko ndiko kunakotofautisha lugha hizi mbili. Kiambishi cha Kiswahili kiko hai na kinaongoza sentensi nzima: mlima mrefu umefunikwa na ukungu, milima mirefu imefunikwa na ukungu. Kiambishi cha Kilatini ndani ya neno la Kiingereza hakiongozi chochote nje ya neno lake. Kimekaa mahali pake kwa karne nyingi, kimeshikana na mzizi, na mara nyingi hata Mwingereza mwenyewe hakioni. Mwanafunzi wa Uluguru ana jicho la kukiona, ila hana msaada wa upatanisho wa kisarufi aliouzoea. Inabidi apewe msaada mwingine.

Tuichukue "in-", maana ndiyo inayosumbua kuliko zote.

Kwenye misitu ya Uluguru, kandokando ya vijito, huota mimea midogo ya jenasi ambayo mwanabotania Linnaeus aliipa jina Impatiens mwaka 1753. Ina shina laini lililojaa maji, hupenda kivuli na unyevu, na maua yake hupendeza kiasi kwamba ndugu zake wamepandwa kwenye bustani za dunia nzima. Mojawapo ya spishi zake imepewa jina la milima hii, Impatiens ulugurensis. Patiens kwa Kilatini ni mwenye kuvumilia, na "im-" inakanusha. Ni mmea usiovumilia, kwa sababu tunda lake likikomaa hupasuka kwa kuguswa kidogo tu na kurusha mbegu. Mpaka hapa orodha ya daftarini iko sahihi.

Sasa twende Mgeta, upande wa magharibi wa milima, ambako wakulima huyaongoza maji ya vijito kwa mifereji hadi kwenye mashamba ya mboga. Kazi hiyo kwa Kiingereza ndiyo "irrigation". Rigare ni kulowesha, na "ir-" ni "in-" ileile iliyobadilika sauti mbele ya r. Lakini "in-" hii haina uhusiano na ile ya mmea. Maana yake ni ndani ya, juu ya, kuelekea: kuyapeleka maji yaingie shambani. Aliyefundishwa kwamba "ir-" ni kukanusha, kwa kutumia mfano wa "irregular", atalisoma neno la kazi anayoifanya baba yake kila kiangazi kana kwamba linazungumzia ukame.

Kilatini kilikuwa na "in-" mbili zilizofanana sauti na kutofautiana asili. Ya kwanza ilikanusha, na ni ndugu wa mbali wa "un-" ya Kiingereza chenyewe. Ya pili ni kihusishi cha mahali na mwelekeo, ndugu wa neno la kila siku la Kiingereza "in". Hakuna ajabu hapo kwa Mswahili. Angalia "ku-" yetu: kulima, ninakupenda, sikulima, kule kuna watu. Hizo ni kazi nne tofauti kwa sauti moja, na mtoto wa miaka mitano hazichanganyi. Hazichanganyi kwa sababu anasikiliza kilichotangulia na kinachofuata. Hakuna mzazi aliyewahi kumwandikia mtoto orodha inayosema "ku-" maana yake ni hii.

Kwa Kiingereza, cha kusikiliza ni aina ya neno. Kilatini kilitumia "in-" ya kukanusha zaidi mbele ya maneno yanayoeleza sifa, na "in-" ya kuelekea mbele ya vitenzi. Urithi huo bado unaonekana. Ukikutana na kivumishi, jaribu kwanza kukanusha: "impossible", "illegal", "irregular", "inactive". Ukikutana na kitenzi, jaribu kwanza kuelekea ndani: "import", "inject", "include", "immigrate", "illuminate", "irrigate". Vipo vitenzi vinavyoonekana kuvunja kanuni, kama "invalidate" na "immobilize", lakini hivyo vimeundwa juu ya kivumishi kilichokwisha kukanushwa. Kanuni hii haizidi mistari miwili, na kwangu ina faida kuliko ukurasa mzima wa safu mbili.

Tabia ya pili ni ya sauti, na hapa mzungumzaji wa Kiswahili ana utajiri asioujua. Nomino za ngeli ya N huchukua vivumishi vyenye n mbele, lakini n hiyo haitulii. Njia ni nzuri, ila ni mbaya, wala hatusemi nbaya, kwa kuwa mbele ya b midomo imekwisha kujiandaa kufunga na n inageuka m. Njia si nrefu, ni ndefu. Ubao huzaa mbao, ulimi huzaa ndimi. Wanaisimu huita jambo hili usilimisho: sauti mbili jirani zinasogeleana ili ulimi usihangaike.

Kilatini kilifanya hivyohivyo. Mbele ya p, b na m, "in-" ikawa "im-", sawasawa na mbaya yetu. Mbele ya r ikawa "ir-", mbele ya l ikawa "il-". Tofauti iko katika nani anamshinda mwenzake. Kwenye ndefu ni mzizi uliobadilika, r ikawa d kwa ajili ya n. Kwenye "irregular" ni kiambishi kilichobadilika, n ikamezwa na r. Kilatini kiliulinda mzizi na kukitoa kiambishi kafara, na matokeo yake ni zile herufi mbilimbili zinazowatesa waandishi wa Kiingereza duniani kote. Herufi mbili za namna hiyo zikikaa karibu na mwanzo wa neno, aghalabu ni alama kwamba hapo kuna kiambishi kilichomezwa.

Kiambishi kilichomezwa kuliko vyote ni "ad-", kwa, kuelekea. Katika "adapt" na "admit" kinaonekana wazi. Katika "accept", "affect", "allocate", "appoint", "arrive", "assist" na "attract" kimebaki herufi moja ya ziada tu. "Com-", pamoja, huonekana katika "combine" na kujificha katika "collect", "connect" na "correct". "Sub-" hujificha katika "support" na "success". Nyumba nyingi za kulala wageni zina vibao vinavyolikosea neno "accommodation", mara c moja, mara m moja. Neno hilo lina viambishi viwili mfululizo, "ad-" na "com-", mbele ya modus, yaani kipimo au kiasi. C mbili zimetokana na "ad-" iliyomezwa na c ya "com-". M mbili ni ya "com-" na ya modus zilipokutana. Ni kumfanya mgeni apate nafasi inayolingana naye. Mwanafunzi aliyelielewa jina Uluguru kuwa lina u na lu ndani yake hashindwi kuelewa hili, na akishaelewa hatalikosea tena.

Liko neno moja la "in-" ambalo halifai kubahatishwa. Barabara inayotoka Dar es Salaam hufika Morogoro na kugawanyika, moja kwenda Dodoma, nyingine Iringa hadi Zambia, na malori ya mafuta hupita hapo usiku na mchana. Neno la zamani la Kiingereza la kuonya juu ya mzigo huo ni "inflammable". Ni kivumishi, hivyo anayefuata kanuni yangu bila uangalifu atadhani linakanusha, kwamba kitu hiki hakishiki moto. Kumbe limezaliwa na kitenzi cha Kilatini inflammare, kuwasha, na "in-" yake ni ile ya kuingia: kuingia katika mwali. Wataalamu wa moto wa Marekani waliiona hatari hiyo ya kusomwa vibaya, na tangu miaka ya 1920 wakahimiza watu waandike "flammable", bila kiambishi kabisa. Morogoro inajua uzito wa jambo hili. Tarehe 10 Agosti 2019 lori la petroli lilipinduka eneo la Msamvu, watu wakakusanyika kuchota mafuta, likalipuka, na zaidi ya watu 100 wakapoteza maisha. Sisemi neno ndilo lililoua. Waliokuwa pale walijua petroli ni nini, na mengine mengi yaliwasukuma. Nasema kwamba onyo la moto halipaswi kumtegemea msomaji ajue Kilatini kilikuwa na "in-" ngapi, na kwamba Kiswahili chetu cha HATARI kinashinda kwa mbali.

Nirudi kwenye "pre-", niliyoiacha na mvua yake. Kosa kubwa la orodha ni kudhani kiambishi cha Kilatini kina maana kamili, ilhali vingi kwa asili ni vihusishi na vielezi vya mahali: mbele, chini, nje, ng'ambo, kati. Vinaonyesha upande. Habari yenyewe iko kwenye mzizi. "Precipitation" ina prae, mbele, na caput, kichwa: kinachoanguka kichwa kikiwa mbele. Kabla ya wanasayansi kulichukua, lilieleza kuporomoka kwa kasi bila kujizuia, na mtu aliyesimama Kinole wakati wa masika halioni kuwa la mbali. Miteremko ya mashariki ya Uluguru, inayopokea pepo zenye unyevu kutoka Bahari ya Hindi, hupata mvua zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka. Mji wa Morogoro, uliojikinga upande wa pili, haufikii hata nusu ya hizo.

Mvua hiyo ikipiga mteremko usio na miti, kinachofuata kina jina lenye kiambishi kidogo mno hata hakionekani: "erosion". E- ni ufupisho wa "ex-", kutoka, nje. Rodere ni kuguguna. Udongo unagugunwa na kuchukuliwa. Mzizi huohuo umezaa "rodent", mnyama mgugunaji, na hapa Morogoro ina lake la kusema, kwa kuwa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo kimekuwa kituo kikubwa cha utafiti wa panya barani Afrika. Ndiko shirika la APOPO linakofundisha panya buku kunusa mabomu ya ardhini na vimelea vya kifua kikuu; Magawa, aliyepewa nishani ya dhahabu ya ushujaa na shirika la Uingereza la PDSA mwaka 2020 kwa kazi yake Kambodia, alifunzwa hapo. Sijui namna bora ya kumfanya mwanafunzi asisahau "erosion" kuliko kumweleza kwamba neno hilo na panya ni wa ukoo mmoja.

Neno hilo lina historia chungu milimani. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ya Waingereza ilianzisha mpango wa matumizi ya ardhi ya Uluguru, na kwa jina la kuzuia "erosion" ikawalazimisha wakulima kuchimba makinga maji ya ngazi kwenye miteremko yao. Kazi ilikuwa nzito, ilifanywa kwa amri, na mahali pengi haikuwafaa wenyewe. Ukichimba ngazi kwenye udongo mwembamba unaufukia ule wa juu wenye rutuba na kuutoa nje ule wa chini usio na kitu, ambao mabwana shamba waliuita "subsoil". "Sub-" ni chini ya; Mluguru aliyekuwa na jembe mkononi aliijua tofauti ya tabaka hizo bila kiambishi. Mwaka 1955 wakulima walikataa, vurugu zikazuka, na mpango ukaachwa. Nautaja mkasa huu kwa sababu lugha ya wataalamu, iliyojaa "ex-" na "sub-" na "de-", iliwahi kutumika juu ya watu hawa kama sheria ambayo hawakupewa nafasi ya kuisoma. Anayemfundisha mjukuu wao Kiingereza leo ana wajibu wa kuyafungua maneno hayo mpaka ndani. Kwa mfano "deforestation", linalotajwa mara kwa mara katika ripoti za Milima ya Tao la Mashariki, ambamo Uluguru imo: "de-" hapo ni kuondoa, na msitu ndicho kilichoondolewa.

Kuna jambo ambalo walimu wachache huligusa nalo ni zuri. Kazi nyingi ambazo Kilatini kilizifanya mbele ya kitenzi, Kiswahili huzifanya nyuma yake. "Com-" ya pamoja ni "-ana" yetu: "connect" ni kuungana. Kuna "dis-" inayotengua, nasi tuna "-ua": funga na fungua, kunja na kunjua, funika na funua. "Discover" ni kuondoa kifuniko, ni kufunua barabara. Mwanafunzi akiuliza kwa nini ugunduzi wa sayansi uitwe hivyo, jibu liko katika kitenzi anachokitumia jikoni. Kwa hiyo asitafute mlingano wa kiambishi awali kwa kiambishi awali. Atafute kazi, popote inapokaa.

Ningependa somo la kwanza lianze na mzizi mmoja, nao uwe mittere, kutuma. Uliingia Uluguru kabla ya Kiingereza. Mapadre wa Shirika la Roho Mtakatifu, wengi wao Wafaransa waliotokea Bagamoyo, walifungua kituo Morogoro katika miaka ya 1880 na kingine Matombo mwaka 1897, na kwa miongo mingi baada ya hapo misa ilisomwa kwa Kilatini milimani. "Misheni" ni neno la mzizi huo, kazi ya waliotumwa. "Misa" nayo imetoka kwenye missa, kauli ya kuwaaga waamini mwishoni mwa ibada. Basi mwanafunzi anao mzizi tayari, na kilichobaki ni kuupeleka pande mbalimbali. Minara ya kilele cha Bondwa inayoonekana kutoka mjini hutuma mawimbi ng'ambo: "transmit". Anayepeleka karatasi yake chini ya mamlaka ya mwingine, "submit". Taa inayotoa mwanga nje, "emit". Anayemwachia mwingine apite, "permit". Anayerudisha fedha alikotoka, "remit". Hayo ni maneno matano kwa mzizi mmoja, na viambishi vimeeleweka kwa kazi zake bila orodha.

Baada ya hapo mpe jina la chura. Mwaka 1925 mtaalamu wa wanyama Arthur Loveridge alimweleza kisayansi chura mdogo wa misitu ya milima hii, na leo jina lake ni Probreviceps uluguruensis. Pro- ni mbele ya au kabla ya; brevis, fupi; -ceps imetoka kwenye caput, kichwa, kile cha mvua. Jenasi ya Breviceps, vichwa vifupi, ilikuwepo tayari, na pro- ikaja kuitofautisha na jamaa huyu. Jina la pili lina u- ya Kibantu mwanzoni na -ensis ya Kilatini mwishoni, yenye kazi sawa na "wa" yetu: wa Uluguru. Mwanafunzi aweze kulisoma jina zima peke yake, kila kipande, kwa lugha zote mbili.

Mtihani wa mwisho ningeuweka kwenye duka la pembejeo. Wakulima wa Mgeta hununua viuatilifu vya mboga, na maandishi ya Kiingereza kwenye chupa yamejaa tuliyoyazungumza. "Do not inhale" na "do not ingest" vina "in-" ya kuingia: dawa isiingie kwa pumzi, isiingie tumboni. "Insoluble" ni kivumishi, inakanusha: haiyeyuki majini. "Do not induce vomiting" ina "in-" ya kuingia na ducere, kuongoza: aliyemeza asitapishwe, na anayelisoma vibaya anaweza kumdhuru mgonjwa aliyekusudia kumwokoa. "Re-entry" ni kurudi shambani baada ya kupulizia. Na "pre-harvest interval" ina "pre-" ambayo safari hii kweli ni kabla, pamoja na "inter-", kati: nambari inayofuata ni siku ambazo kabichi lazima ikae shambani baada ya dawa ya mwisho, ndipo ivunwe na kupakiwa kwenda Morogoro mjini au Dar es Salaam.